Kimya cha Kinyinya

Siku yangu ya kwanza katika ofisi ya filamu ya serikali, Kigali, mwaka 1990, Mkurugenzi alinikabidhi muhuri, ufunguo wa kabati na onyo.

"Bwana Shabani," alisema, "hapa kamera iko moja, lakini macho iko mengi. Wewe sasa ni producteur. Ujue kila mtu anafanya nini."

Nilikuwa nimetoka kwenye gari la sinema, lile tulilozunguka nalo vilimani kuwaonyesha watu picha kwenye shuka jeupe. Kutengeneza filamu sikujua. Kuchunguza watu nilijifunza upesi mno.

Ninyi mnaopiga filamu kwa simu hamwezi kujua kazi ya producteur, mtayarishaji wa filamu, ilivyokuwa. Nilitafuta vibali, magari, chakula cha waigizaji, hata mbuzi wa kupita nyuma ya harusi. Vita vilikuwa vimeanza kaskazini, na ukisimamisha kamera Nyabugogo katikati ya mabasi na wachukuzi, askari alikufikia kabla ya mwigizaji. Na picha zenyewe hatukuziona, kwa sababu mikanda ilisafishwa Ulaya. Filamu yetu ya kwanza ndefu, ile ambayo tulisema ingeanzisha sinema ya nchi, tuliifanya kwa kuaminiana tu. Nami na kuamini hatukuwa marafiki.

Fundi wetu wa sauti aliitwa Faustin. Alikulia Bukavu na alikaa mtaani Niboye kwa dada yake, mwenye duka la vitenge. Alikuwa mpole, na upole wake ulinikera. Mwelekezi wa filamu akisema "Kata!", sisi wote tulilegea, tukaanza kupiga soga. Faustin alituomba tusimame bila kusogea, akaiacha mashine izunguke.

"Unarekodi nini?" nilimuuliza siku moja.

"Kimya, patron."

"Kimya kinarekodiwa?"

"Kila nyumba iko na kimya yake. Tukikata maneno, ile kimya ndiyo inaziba tundu."

Nilicheka, lakini moyoni nilisema huyu ananifanya mtoto. Panapofuka moshi hapakosi moto. Baada ya "Kata!" watu walisema mengi: siasa, mishahara, ndugu zao walio ng'ambo. Kanda hizo zilikuwa zinapelekwa kwa nani? Nikaanza kuhesabu dakika za mashine yake zaidi ya za kamera.

Mwaka 1993 tulipiga picha za mwisho Kinyinya, ndani ya nyumba ya udongo. Mkurugenzi alikuja kututazama. Faustin alikuwa ameshatuomba kimya, visikilizio vikiwa masikioni mwake, nami nikamwinamia Mkurugenzi nikanong'ona:

"Mukubwa, huyu simwamini. Tumekata, yeye bado ananasa."

"Basi Ulaya haendi," akanijibu. "Utaenda wewe."

Kwa desturi ya kazi, fundi wa sauti ndiye aliyesindikiza makopo ya mikanda Ulaya, kuoanisha sauti na picha. Machi 1994 nikapanda ndege mimi, kwenye nafasi yake. Faustin alinisaidia kufunga masanduku. "Patron, usisahau kanda za kimya," alisema. Nikamwitikia, nikaziacha kabatini, na ufunguo nikauacha ofisini.

Huko Ulaya, mama mzee aliyeunganisha filamu alisikiliza kanda mbili tatu, akaniuliza sauti tupu za mahali ziko wapi. Sikumwelewa. Akaeleza neno kwa neno yale aliyonieleza Faustin. Niliona aibu. Nikaahidi kupiga simu Kigali ili zitumwe, nikaahirisha, maana nilitafuta maneno ya kumwomba radhi. Nilipoyapata ilikuwa Aprili, na simu hazikuingia tena.

Faustin aliuawa mwezi huo. Kiti nilichokalia ndegeni kilikuwa chake. Majuto ni mjukuu, na huyu wangu hajaondoka nyumbani.

Filamu haikumalizika. Nilirudi, nikafanya kazi chini ya wakurugenzi wengine wawili, nikafundisha vijana, nikastaafu. Jambo moja nililofundisha bila kuchoka ni kurekodi kimya. Wiki niliyostaafu, dada yake Faustin alinitumia salamu nifike Niboye. Alinipa sanduku la kanda. Faustin alikuwa amezitoa kabatini, akazihifadhi chini ya vitenge.

"Alisema patron atarudi kuzitafuta, nikangoja," aliniambia. Sikuweza kumtazama.

Kanda ya Kinyinya naifahamu sasa kwa moyo. Kuku analia mbali. Kisha mnong'ono wangu, wazi kabisa: huyu simwamini. Alisikia kila neno. Halafu sauti yake, tulivu, ikiitambulisha kanda kama kawaida ya mafundi: "Kinyinya, kimya ya nyumba, mara ya pili. Patron aliongea kidogo. Tunarudia. Tafadhali, mutu asisogee."

Kila nikifika hapo nasimama katikati ya chumba, mikono ubavuni, sisogei mpaka kanda iishe.