Kituo Alichokifunga Mtani

Babu yangu mzaa mama alipozikwa kule Sikonge, nilikuwa kijana wa kuoa. Maiti imefika, kaburi liko tayari, mara mtu mmoja kaingia kaburini, kajinyoosha, mikono kifuani. "Nimewahi mimi," anasema. "Huyo mzee wenu mrudisheni nyumbani, mbona kila kitu alichelewa?" Bibi aliyekuwa analia akacheka mpaka kilemba kikamtoka. Yule mtu hakutoka mpaka alipopewa jogoo. Alikuwa mtani, na mtani msibani ana haki yake. Jogoo alikuwa wangu, lakini tuyaache hayo.

Nimemkumbuka kwa sababu juzi nilipita kwenye kituo chetu cha treni cha zamani, nikitafuta mbuzi. Mbuzi nilimkuta ndani, amelala pale palipokuwa dirisha la tiketi. Mabati hayapo, milango haipo, popo wapo. Vijana wanazungumzia reli mpya ya umeme. Hiki hawajui kama kilikuwa kituo. Wakubwa wetu walisema kilijengwa kwa ajili ya maji na kuni za treni za moshi, jirani na njia ya misafara, maana reli nayo ilifuata nyayo za babu zetu wapagazi. Kuni zilipokwisha kazi, treni ikaendelea kusimama kwa ajili ya abiria, tumbaku na asali. Mwaka usiniulize, shule niliishia la tatu.

Mtunza kituo wa mwisho alikuwa Mzaramo. Wanyamwezi na Wazaramo ni watani tangu enzi hizo za misafara, kwa hiyo alipofika tu hatukumpa nafasi ya kupumzika, wala yeye hakutupa.

Treni ikichelewa, watu wakinung'unika, anasema, "Nyie mlibeba pembe za ndovu mpaka pwani kwa miguu, leo mnalalamikia treni?"

"Na nyie mlikaa mnangoja tuwaletee," tunamjibu. "Miguu yenu ilikuwa ya pambo?"

Siku moja alitangaza kwamba amri imetoka, kila abiria aoshe miguu kabla ya kupanda. Akaapa. Mama mkwe wangu akaosha, na sabuni. Mzaramo alicheka wiki nzima. Alipofariki mama mkwe huyo huyo, Mzaramo ndiye aliyekuja na ndoo ya maji, akakaa mlangoni akisema maiti haitoki bila kuosha miguu. Tulimpenda sana.

Basi, msimu mmoja wa asali akatoka ofisini amevua kofia. "Ndugu zangu, Jumamosi ijayo treni haisimami hapa. Kituo kimefungwa."

"Tumesikia," mke wangu akasema. "Na miguu tuoshe?"

Watu wakaangua kicheko.

"Haki ya Mungu nawaambia."

"Hata ile ya miguu uliapa!"

Ijumaa akaja nyumbani. Kiti alikikataa. "Shemeji," akamwambia mke wangu, "asali yako ipeleke barabarani leo. Lori la tumbaku linapita jioni."

Ilikuwa asali ya msimu mzima, imejaa kwenye vilindo, yale mapipa ya gome la mti, na kaka wa mke wangu alikuwa akiingoja dukani kwake Kanyenye, Tabora mjini. Ikiharibika njiani au isipofika, mwaka ule hatukuwa na kingine.

"Unataka tuipeleke barabarani uifuate kichakani ule peke yako," mke wangu akamjibu. Mimi nilicheka. Lori likapita.

Jumamosi kijiji kizima kilikuwa kituoni na vilindo. Treni ikalia kwa mbali. Mzaramo akasimama mahali pake, bendera ya kijani mkononi, nyekundu imeviringishwa kwapani.

"Nyekundu, mtani! Ikunjue!"

Hakuikunjua. Treni ikapita na upepo wake, dereva akapunga mkono, vumbi likatuingia mdomoni. Tukalitema. Halafu bibi mmoja akasema, "Leo huyu kazidi," watu wakacheka tena, wakakaa juu ya vilindo kungoja treni irudi nyuma. Nami nilikaa.

Mzaramo akafunga ofisi. Akatoka na sanduku la bati. Alitakiwa kuripoti Tabora, na treni haikusimama hata kwa ajili yake. Akasimama mbele ya mke wangu, akaangalia asali. Akajitwika sanduku kichwani, akashika njia ya reli.

"Haya, leo mpagazi ni wewe!" mtu akampigia kelele. "Pembe umezisahau!"

Tulingoja jibu. Hajawahi kukosa jibu.

"Atageukia darajani," mke wangu akasema. "Namjua."

Akavuka daraja. Akakanyaga taruma baada ya taruma mpaka pale reli inapoingia miomboni, sanduku likametameta kidogo juani, akapotea. Hakurudi.