Nyaguthii wa Kwenye Riwaya

Ukimwona Idah pale Ruiru akishona sare za shule, akicheka mpaka cherehani inasimama, huwezi kudhani kichwani mwake kuna sumu ya kumaliza ukoo mzima. Mimi najua, kwa sababu ndimi niliyemchapia riwaya yake. Mama mmoja anawaua wakwe zake kwa uji, mmoja mmoja, na familia yote inajua na kunyamaza. Niliichapa mchana kweupe, mlango wazi, na bado niliogopa.

Sasa sikia kosa lake. Kwetu binti wa kwanza hupewa jina la mama wa mume, na bibi huyo huhesabiwa amezaliwa tena. Idah alijaliwa wavulana wanne. Mama mkwe wake, Nyaguthii, hakuwahi kulalamika, lakini Idah mwenyewe jambo hilo lilimuuma. Basi alipoanza kuandika, mwanamke wa kwanza kuingia hadithini akampa jina hilo, kwa mapenzi tu. Kufika sura ya tisa, mwanamke akamponyoka: muuaji ni yeye.

"Si ubadilishe jina?" nilimwambia.

"Nimejaribu. Nikimwita Becky, hatishi."

Habari zikafika Thika, anakoishi mama mkwe. Jumapili baada ya kanisa mama mkwe akaja, akaketi, akataka asomewe. Idah alinishika mkono. Mama yake mzazi alishafariki. Bibi huyu mzee ndiye aliyemsaidia kulea wale wavulana wote. Aliogopa kumpoteza, na mimi nilimwonea huruma.

Idah akasoma kuanzia uji wa kwanza mpaka polisi wanapobisha mlango.

"Huyo Nyaguthii," mzee akauliza, "watu wanamwogopa?"

"Sana, Maitu, mama yangu."

"Na hiyo kitabu itafika Juja, isomwe na watoto wa university?"

"Mungu akipenda."

Mzee akaanza kucheka, machozi yakimtiririka. "Dada zangu wote walizaliwa tena zamani, wakatoka vitoto vya kulia na kukojolea watu. Mimi nilidhani nitakufa hivi hivi, jina liishe. Kumbe nimezaliwa, tena nikiwa na meno yote!"

Idah akamkumbatia, akilia kwa furaha bila haya. Nilifurahi mpaka chai yangu ikapoa.

Mzee akafunga kitambaa chake kichwani, tayari kwenda. Mlangoni akageuka.

"Lakini hao polisi wanaobisha," akasema, "waambie hayuko."

Jumatatu nikachapa upya sura ya mwisho.