Kitenge Kwenye Televisheni

Nilimtambua kwa sauti kabla sijaiona sura yake. Nilikuwa jikoni, katika nyumba ya Rissne, hapa Uswidi, ninamopanga chumba kwa mama mmoja wa Bukavu. Jumapili hiyo alikuwa ametoka kanisani, akaiwasha televisheni sebuleni na kuiacha ijisemee. Mzee aliyekuwa anazungumza Kijerumani mle ndani ni mhakiki wa vitabu. Amezeeka, nywele zimekwisha, lakini bado anaguna kabla ya kujibu, kana kwamba swali limemuuma tumbo.

Niliishi Leipzig miaka minane, nikiosha vyombo hotelini. Mwanamke niliyeishi naye aliuza vitabu vikuukuu, na kipindi cha mhakiki huyu hakikumpita. Mimi niliishia kidato cha nne, kwa hiyo alinifafanulia: hapa anamsifu mwandishi, hapa anamchinja. Kisha nikaondoka, kama nilivyoondoka kwingine. Tangu hapo sijasema Kijerumani na mtu.

Nikamwacha mama jikoni, nikaenda sebuleni. Chini ya picha zilipita tafsiri za Kiswidi, na macho yangu yakawa yanazikimbilia. Sikutaka. Nilitaka kujua kama lugha ile bado ninayo, maana kama imekwenda, sikujua ile miaka minane imeniachia nini. Nikachukua kitenge kilichokuwa kwenye kochi, nikaziba sehemu ya chini ya kioo.

"Mungu wangu!" Mama alikuwa mlangoni, mwiko mkononi. "Mutanzania, weye unavalisha televisheni? Inasikia baridi?"

"Naficha maandishi tu, mama. Nataka kumsikia mwenyewe."

"Na anasema nini?" Akaketi.

Nilisikiliza. Nilipata "majira ya baridi", nikapata "mama yake", kisha sikupata kitu tena. Niliona aibu kukiri.

"Anaeleza hadithi," nikasema. "Mgeni mmoja anaishi na mwanamke. Hawagombani. Siku moja anafunga begi."

"Alipata mwengine?"

"Hapana."

"Balimufukuza? Alikosa makaratasi?"

"Makaratasi alikuwa nayo. Alichoka tu kukaa mahali pamoja."

Mama akasonya. "Basi iko mujinga. Na ule mwanamke?"

Mhakiki alikuwa ameinua kidole. Nikamtazama kana kwamba jibu lingetoka kwake.

"Alimsindikiza mpaka stesheni. Akamnunulia mkate wa njiani."

"Mukate!" Mama alicheka, kisha akaacha kucheka. "Na alimuandikia?"

"Nani?"

"Ule bwana. Alimuandikia ule mwanamke, ao hapana?"

"Bado hajasema."

"Akisema, uniite." Akainuka, akarudi kwenye maharage yake.

Nikaongeza sauti. Mhakiki aliendelea kwa muda mrefu, bila pupa, akigunaguna, nami nikabaki pale nikisubiri neno nitakalolijua.