Mama Rosario wa Rosettenville, Aliyekataa Kuitwa Bwana

Alizaliwa Rosario Quiroga mwaka 1941 huko Galisia, Hispania, binti wa fundi viatu, akawa mwanamke wa kwanza wa bonde lake kuchapisha riwaya. Alipofiwa na mumewe alihamia Johannesburg, akapanga chumba katika mtaa wa Rosettenville. Kiswahili alijifunzia kwenye saluni ya Spéciose, msusi Mrundi aliyemcheka kila alipokosea ngeli.

Wito ulimjia Mei 2008, makundi yenye marungu yalipowawinda wageni. Juvénal, mume wa Spéciose, alichomwa moto majirani wakitazama. Katika ukumbi wa kanisa uliojaa waliofukuzwa, Spéciose alimshika Rosario mkono. "Andika, Mama. Na jina langu uliweke. Aibu si yangu, ni yao." Wanawake wengine nao wakaja, kila mmoja akitaja jina lake.

Mwaka 2010 riwaya yake ya Kiswahili ilikamilika, na kamati ya parokia iliyoahidi kuichapa ikaisoma. Wazee walitokwa machozi. "Huyu Bwana Rosario ni dume kweli," alisema Théodore, mwenyekiti. Jina liliishia na o, na Kiswahili hakikumwambia kama aliyeandika ni mwanamume au mwanamke. Wakamwita. Akaingia bibi mwenye mvi na kiatu kilichochanika.

"Bwana Rosario ndiye mimi."

"Eish, Mama," akasema Théodore. "Basi jaladani tuache hivyo hivyo, 'Bwana Rosario'. Mambo haya akiyasema mwanamke, watu watayaita umbea."

"Wenye msiba walinipa majina yao. Mimi nifiche langu?"

"Basi hatuchapi."

Na hawakuchapa. Machozi yale yale waliyomlilia Bwana waliyafuta mbele ya Mama, kisha wakaenda kugawa komunyo. Tusilipake sukari jambo hili, ndugu waamini: waliomtesa hawakuwa wapagani. Yeye alirudi saluni, akawasomea riwaya ile waliokuwa wakisukwa, mwaka baada ya mwaka, hadi wakaikariri.

Alifariki Julai 2014 kwa ugonjwa wa mapafu. Kaburini Théodore alipoanza kumsifu, Spéciose alimkatiza kwa maneno ya ukurasa wa kwanza. Mwingine akadaka wa pili. Kitabu kizima kikatoka bila karatasi, wachimba kaburi wakaketi kusikiliza. Huo twauita muujiza.

Atakaye kumwiga asianze na mshumaa. Aanze kwa kulitaja jina la aliyedhulumiwa, na lake mwenyewe. Kwenye msalaba kamati iliandika "R. Quiroga, Mwandishi." Spéciose alitoa rangi ya kucha mkobani, akaongeza juu yake, kwa herufi nyekundu: MAMA. Mvua haijaifuta, na kamati haijathubutu.