Yule baba wa filamu alisema nini hasa?

Mimi sijawahi kushindwa na filamu ya Kihindi, lakini leo nimekwama!

Kifungua mimba wangu Otim amepata kazi Juba. Mimi nataka abaki hapa Nakawa na mimi.

Basi nikamwekea ile ya zamani, ya baba mgonjwa na mtoto anayetaka kuondoka. Ni ya kibanda cha video, mtafsiri anaongea juu ya sauti ya Kihindi kwa Luganda. Naijua tangu niko jeshini, kuliko hata walioicheza.

Baba analia mlangoni. Mtafsiri anasema, "Baki, mwanangu! Wajibu wako uko hapa!"

Nikamwambia Otim, "Umesikia?"

Kumbe jirani yetu Mama Kiran, Mhindi wa duka la vitambaa, aliyekuwa anatazama nasi, anacheka mpaka chai inamwagika.

"Afande, sikiliza sauti ya chini, ile ya Kihindi. Mzee anasema nenda, mimi nitajitunza."

Ati nini? Miaka yote hii?

Nikarudisha nyuma, nikazima sauti, nikatazama tu. Haki ya Mungu, mkono wa yule baba uko mgongoni kwa kijana, unamsukuma nje!

Mtu anayesema baki, anasukuma?

Otim akauliza polepole, "Sasa baba, niende?"

Nyinyi mlioiona, kwenu mtafsiri alisema nini? Niambieni haraka, kijana anafunga begi.

Nimemwambia angoje nipate Mhindi wa pili.

Ila viatu vyake nimeshavipiga rangi. Kampala nzima hakuna anayeng'arisha viatu kama mimi.