Tulivyoposwa Mara Tatu kwa Kikekchi

Kwenye ukoo wetu mimi ndiye msemaji wa posa. Nanunua vanila kwa wakulima wa Muleba na kuiuza Bukoba mjini, na ndugu zangu wanaamini kwamba anayeweza kumshusha mkulima bei ataweza pia kumpandisha mkwe.

Kwa hiyo binti wa marehemu kaka yangu aliporudi kutoka masomo ya kilimo nje ya nchi na kusema amepata mchumba, Mmaya wa milima ya Guatemala, kesi ililetwa kwangu.

"Wamaya si walikwisha?" nikauliza. Nilichokuwa nimewahi kuona ni picha za mahekalu yao ya mawe.

"Baba mdogo, huyo aliyekwisha ananisumbua kwa meseji tangu asubuhi."

Akanieleza kwamba Wamaya wana lugha nyingi, na kwamba watu wa mchumba wake wanalima iliki na wanasema Kikekchi: nyumbani, sokoni, mpaka redioni. Shuleni babu yake alichekwa kwa lugha hiyo, akalazimishwa Kihispania. Bibi hakupelekwa shule kabisa, na hadi leo Kikekchi ndiyo lugha yake pekee. Posa ingesemwa kwa Kikekchi, la sivyo bibi asingeihesabu.

"Sawa," nikasema. "Ng'ombe hawana lugha."

Jumapili saa tisa alasiri tukakaa sebuleni kwa shemeji yangu, mama wa binti, kule Kagoma. Simu tuliiegemeza kwenye kopo la sukari. Kwao kulikuwa kunapambazuka. Majogoo wao walisikika kuliko wazee wenyewe. Babu alisema, kijana wao, mchumba mwenyewe, akatafsiri kwa Kiingereza, nami kwa Kiingereza changu cha kuuzia vanila nikampa shemeji kwa Kihaya. Binti alifichwa jikoni, kama inavyotakiwa.

Babu akauliza kama mioyo yetu ni mitamu. Ndivyo wanavyosalimiana. Akamuuliza shemeji, akaniuliza mimi, akauliza na wa jikoni, ambaye rasmi hakuwepo. Chai ikapoa. Hatimaye akasema wamesikia kuna binti hapa.

Nikafungua biashara kama inavyofunguliwa. "Binti gani? Hapa hakuna binti. Nani amewaonyesha njia?"

Mtu yeyote wa Kagera angejua kwamba hapo ndipo mazungumzo yanaanza. Babu alishukuru kwa maneno mengi, bibi akapunga mkono, simu ikakatika. Ng'ombe wangu nilikuwa nimewapanga kichwani, nimewahesabu na kurudia. Sikupata hata nafasi ya kumtaja ndama.

"Umemfukuza mkwe!" shemeji akafoka. "Wewe hata fungu la nyanya unabishania mpaka mwenye nyanya analia!"

Jikoni sufuria ilianguka. Binti alikuwa amepita miaka ambayo mashangazi huanza kunong'ona, na huyu ndiye mwanamume wa kwanza aliyemtaka yeye, si kibanja cha migomba cha baba yake. Alitoka, akanitazama, akaenda zake migombani. Heri angenitukana.

Wiki nzima shemeji hakupokea simu yangu. Jumapili iliyofuata wakapiga tena, kana kwamba hatujawahi kuonana: mioyo, mmoja mmoja, halafu wamesikia kuna binti hapa. Shemeji alinikanyaga mguu chini ya meza. Mimi, mtu wa kubishania nyanya, nikaropoka:

"Yupo! Mchukueni!"

Bibi akaziba mdomo kwa kitambaa, akamnong'oneza babu. Kijana akainama karibu na simu.

"Baba mdogo, kwetu tunakataliwa mara mbili kwanza. Posa hukubaliwa ya tatu. Bibi anauliza binti ana ugonjwa gani."

"Mbona hukusema?"

"Nilidhani kila mtu anajua."

Kila mtu! Nikakohoa, nikakaa wima.

"Waambie wazee nimeteleza. Nilikuwa namjibu mtu hapa nyumbani aliyeuliza kama paka yupo. Binti hatumjui, hatujapata kumwona."

Ikatafsiriwa. Uso wa babu ukalainika kama wa mtu aliyerudishiwa mzigo wake mzima. Akashukuru kwa maneno mengi. Katika maisha yangu yote ya biashara sijawahi kuona mnunuzi akifurahi hivyo kwa kunyimwa.

Jumapili ya tatu shemeji alikuwa na kazi moja, kunikanyaga kabla sijateleza tena. Babu alianza mwanzo kabisa, na sasa maneno yenyewe nilikuwa nayatambua. Aliponiuliza moyo, nikajibu kabla ya kijana: "Sa, bantiox." Mtamu, asante. Bibi akajipiga paja, akasema kitu kirefu ambacho hakuna aliyekitafsiri.

Nikahesabu kichwani: moja, mbili, hii ya tatu. Nikahesabu tena. Ndipo nikasema binti yupo, ni wenu.

Vigelegele vikatoka jikoni, na shemeji akapiga kelele kwa Kihaya kwamba asiyekuwepo anyamaze. Nikasogeza kiti karibu na kopo la sukari.

"Sasa wazee, kuhusu ng'ombe..."

Babu alikuwa ameshashukuru. Simu ikakatika.

Nilimgeukia shemeji. Alikuwa analia na kucheka, pindo la kanga likiwa mdomoni.

"Umekataa mara mbili," akasema, "umekubali mara mbili. Ng'ombe ulitaka kuwaomba lini?"