Wimbo wa Makuli Nilioupotosha

Nilikuwa mwaka wa tatu wa masomo Guangzhou, kule Uchina, kaka mmoja Mtanzania mwenye ofisi ya kusafirisha mizigo pale jengo la Tianxiu aliponipigia simu.

"Dada, kuna Wagiriki wanatafuta mkalimani wa Kichina, kazi ya siku moja. Wamekuja na mwimbaji wao. Vaa vizuri."

Mwimbaji mwenyewe alikuwa mama wa miaka karibu sabini, mwembamba, nywele nyeupe kazikata fupi, na gita lake hakumruhusu mtu kulibeba. Tajiri mmoja wa meli, Mgiriki mwenzake, ndiye aliyemleta awatumbuize wenyeji wa Kichina kwenye karamu ya kukamilisha biashara yao. Tulizungumza Kiingereza, lakini nilishindwa kumwita mtu wa umri ule kwa jina tupu. Nikamwita Mama. Akacheka, akasema hata kwao ni hivyo hivyo.

Mchana wenyeji walitupeleka Huangpu kuona bandari. Tajiri alipokuwa akipiga picha mbele ya makontena, Mama alinivuta kando akanisimulia habari zake. Baba yake alikuwa kuli. Siku moja mnyororo wa winchi ulikatika, shehena ikamwangukia, na kazi haikusimama hata dakika. Wenzake waliamriwa kupita juu ya damu yake na magunia mabegani. Binti akiwa na miaka kumi na tisa akaitungia wimbo siku ile. Makuli wakawa wanauimba kila wakigoma. Kisha wanajeshi wakapindua serikali, wakaupiga marufuku wimbo, na yeye wakamfunga kwenye kisiwa kikavu. Utawala wao ulipoanguka, alirudi akaimba viwanjani, watu wazima wakilia.

"Halafu?"

"Halafu watu wakanunua magari. Wakanichoka."

"Sasa Mama, kwa tajiri wa meli umekuja kufanya nini?"

"Hakuna mwingine aliyeniita," alisema, na nikaona aibu kwa kuuliza.

Karamu ilifanyika usiku ule. Chumba kilinuka moshi wa sigara na pombe kali. Mezani palikuwa na bakuli la kamba wadogo walioloweshwa kwenye pombe wakiwa hai, wangali wanarusha miguu, na wale mabwana waliwachukua mmoja mmoja wakawatafuna huku wakiongea. Tajiri alikuwa na ute kidevuni. Hakuna aliyemwambia.

Kabla Mama hajapanda jukwaani, msaidizi wa tajiri aliniinamia sikioni. "Wakikuuliza, sema ni wimbo wa kuzikaribisha meli."

Nikaitikia. Sikubisha hata kidogo.

Sauti ya Mama ilikuwa ya kukwaruza, lakini ilisimama. Alipofika kwenye ubeti wa kifo, ule alioniimbia na kunifafanulia bandarini, laoban, yaani mkubwa wa wenyeji, aliniuliza anaimba nini. Nikamjibu kwa Kichina changu kizuri, "Meli zimetia nanga, shehena imejaa, watu wanashangilia." Akawatangazia wenzake. Wakacheka, wakapiga meza kufuata mdundo, na mmoja akainuka kucheza, mkia wa kamba ukining'inia mdomoni.

Mama alishuka, akakaa karibu nami. "Mbona wamecheka pale?"

Nikamwambia kweli, macho yangu kwenye viatu.

Hakunifokea. "Wanajeshi waliufunga wimbo huu kwa sababu waliuelewa," alisema taratibu. "Wewe umefanya walichoshindwa." Kisha akasimama. "Njoo. Mstari kwa mstari."

Tukapanda wote wawili. Aliimba mstari, akaninong'oneza maana yake kwa Kiingereza, nikatafsiri: baba, mnyororo, damu, magunia. Vijiti vya kulia vikatulia mikononi mwao. Kwa kitambo kidogo nilipumua, nikadhani tumewapata. Laoban akamtazama tajiri. Tajiri akatabasamu, akaanza kupiga makofi, akainua glasi.

"Ganbei! Kwa baba yake!"

Wote wakanyanyuka wakamaliza glasi zao. Laoban akaniita, uso umewiva. "Mwambie wimbo ni mzuri sana. Tukifungua gati jipya tutamwita aimbe."

"Anasemaje?" Mama aliuliza.

Safari hii sikupunguza neno. Alinisikiliza mpaka mwisho, akalilaza gita kwenye sanduku lake, akafunga bizimu zote mbili, akatoka bila kumuaga mtu. Nilimkimbilia hadi kwenye lifti. Nilitaka kuomba radhi, lakini milango ilifungana nikiwa bado natafuta pa kuanzia. Kesho yake aliondoka. Sikumsikia tena.

Wiki iliyofuata msaidizi wa tajiri alinipigia. Alinisifu kwamba najua kukaa na wakubwa, akanipa kazi ya ukalimani kwenye maonyesho ya biashara ya Pazhou. Nikaikubali simuni papo hapo, kisha nikaenda kupiga mswaki, ingawa nilikuwa sijala kitu.